Kona Ngapi Hadi kwa Kasuku

Mwenye nyumba alipokuja kuwaambia wapangaji kwamba jengo limeuzwa na kila mtu atafute pengine pa kukaa, majirani wengine walishika tama, wengine wakashika vichwa. Mama Barua peke yake alishika kiuno, akauliza kwa sauti ya mtu aliyeambiwa ameshinda bahati nasibu, "Kwa hiyo tunahama?"

"Mnahama, mama. Samahani sana."

"Samahani ya nini? Ingia, ingia, chai iko jikoni!"

Mwenye nyumba aliondoka bila kunywa chai. Alifikiri mama wa watu amechanganyikiwa kwa huzuni.

Huzuni haikuwapo hata chembe. Mama huyu alikuwa amefikia umri wa kustaafu bila kuchagua mlango wake mwenyewe hata siku moja. Kwa wazazi wake alizaliwa tu akakuta mlango upo. Alipoolewa aliingia katika vyumba viwili vya kupanga alivyoachiwa mumewe na shangazi yake, pale Barabara ya Kwanza na Mtaa wa A, na humo humo akazaa watoto watatu, akawalea, akawaona wakitoka mmoja mmoja. Sasa mtu anamwambia achague. Usiku ule hakulala kwa furaha, akawa anageuka kitandani mpaka mumewe akauliza kama godoro limeingiwa na siafu.

Mjini kote alijulikana kwa jina la Mama Barua kwa sababu kazi yake ilikuwa kupeleka barua kwa miguu. Mji wenyewe ulipangwa kama miraba ya shati. Barabara zilipewa namba, kuanzia ya Kwanza hadi ya Kumi na Mbili, na mitaa iliyozikata ikapewa herufi. Ukipotea katika mji ule, basi umetaka mwenyewe. Mama Barua aliuzunguka na mkoba begani miaka nenda miaka rudi, na hakupima safari zake kwa mita wala kwa saa. Alipima kwa kona. Kutoka makutano haya hadi yanayofuata ni kona moja, kwisha.

Alipokuwa msichana, mgeni kazini, aliamini kuwa akienda kingazi-ngazi, barabara moja kisha mtaa mmoja, angefupisha safari, maana kwa macho ilionekana kama anakata mshazari. Akaenda hivyo wiki nzima, akijiona mjanja kuliko wenzake wote. Jioni miguu ilimuuma vilevile. Ndipo siku moja aliposimama katikati ya njia, akahesabu kwa vidole. Kukata barabara nne na kupanda mitaa mitatu ni kona saba. Uzipange utakavyo, saba ni saba, alimradi hujarudi nyuma. Aliangua kicheko pale pale njiani. Mwingine angekasirika kwamba ujanja wake umekwenda na maji. Yeye alifurahi kama aliyeokota kitu. Kumbe ana njia chungu nzima, zote sawa, na kila asubuhi anaweza kuchagua mpya bila kupoteza chochote.

Mumewe, ambaye watu wote pamoja na yeye mkewe walimwita Fundi, alikuwa fundi viatu. Walijuana kwa soli. Viatu vya posta vilikuwa vikiisha haraka, naye ndiye aliyevishona, mpaka siku moja akaweka sindano chini, akamwambia, "Wewe binti, viatu vyako nimevishona kuliko nilivyoshona vyangu. Kutoka kwenu hadi hapa ni safari. Kwa nini usihamie huku tukaokoa soli?"

"Hayo ndiyo maneno ya kuposa?"

"Ninayo mengine, lakini haya ndiyo ya kweli."

Basi. Wakaoana, wakapata watoto watatu. Wa kwanza, wa kiume, akawa kinyozi, na familia yote ilimwita Kinyozi tangu siku aliyonyoa paka wa jirani akiwa mtoto. Alikaa Barabara ya Pili, Mtaa wa B. Wa pili, wa kike, alikuwa muuguzi, mtu wa maneno machache na viatu vyeupe, Barabara ya Tano, Mtaa wa F. Kitindamimba, wa kike naye, alikuwa mchora vibao vya maduka. Huyu alianza kusema mapema na hakunyamaza tena, ndiyo maana babake alimbandika jina la Kasuku. Alikuwa ameolewa na dereva wa lori la masafa marefu, akakaa mbali kuliko wenzake, Barabara ya Kumi na Moja, Mtaa wa D, na wakati huo mimba yake ilikuwa imefika mahali ambapo mtu hufunga kamba za viatu kwa kuomba msaada.

Habari za kuhama zilipowafikia, wote watatu walikuja siku moja, na kila mmoja akaja na nyumba yake mfukoni.

"Mama, kuna vyumba vizuri nyuma ya kibanda changu cha kunyolea," alisema Kinyozi.

"Karibu na mimi kuna hospitali," alisema Muuguzi. "Na nyinyi si vijana tena."

"Na mimi nina nini? Nina tumbo!" alisema Kasuku. "Mume wangu yuko barabarani wiki tatu kati ya nne. Mama, njooni kwangu!"

Ilikuwa kelele tupu, kila mtu anamkata mwenzake kauli, na Fundi anakunywa chai kama mtu aliye sinema. Mama Barua aliwaacha wapige kelele mpaka wachoke, kisha akapiga makofi mara moja.

"Tokeni kwenye sakafu!"

Sakafu ya jiko lile ilikuwa ya vigae vya mraba. Mama Barua akapiga magoti kama msichana. Alichukua kisigino cha mpira kutoka sanduku la Fundi, akakiweka kwenye kigae cha Kinyozi. Kifungo cheupe kikawa cha Muuguzi. Kifungo chekundu, mbali kule karibu na mlango, kikawa cha Kasuku. Moto ulikuwa umempanda mashavuni.

"Sikilizeni wanangu. Nimestaafu, na kila siku nataka kumwona kila mmoja wenu kwa miguu yangu hii hii. Kwa hiyo nyumba yangu iwe pale ambapo nikijumlisha kona za kwenda kwa wote, jumla ni ndogo kabisa. Ni hivyo tu."

"Basi ni katikati," alisema Kinyozi. "Dalali mmoja aliniambia kuna nyumba Barabara ya Sita, Mtaa wa D."

"Hilo ndilo linalodanganya watu! Tazama. Barabara zenu ni ya Pili, ya Tano na ya Kumi na Moja. Nikisimama ya Tano, kisha nikasogea kona moja kumfuata Kasuku, nimemkaribia mmoja, nimewakimbia wawili. Hasara. Nikisogea upande wa Kinyozi, nimemkaribia mmoja, nimewakimbia wawili. Hasara tena. Kwa hiyo sisogei, nakaa ya Tano. Na mitaa vivyo hivyo, B, D, F, wa katikati ni D. Barabara ya Tano na Mtaa wa D! Kutoka hapo, kwa Kinyozi kona tano, kwa Muuguzi mbili, kwa Kasuku sita. Jumla kumi na tatu. Hiyo nyumba ya dalali jumla yake ni kumi na nne, hesabu mwenyewe."

Muuguzi aliinama, akahesabu vigae kwa kidole, akatikisa kichwa kukubali. Kasuku hakuinama, tumbo halikumruhusu. Alikuwa anakitazama kile kifungo chekundu kilicho peke yake karibu na mlango.

"Mama," alisema, "na kama ningekuwa nakaa Barabara ya Kumi na Mbili?"

"Ungekuwa mbali zaidi kidogo."

"Nauliza nyumba yako. Ingekuwa wapi?"

"Palepale, ya Tano."

"Na kama wangeongeza barabara, nikakaa ya Ishirini?"

"Palepale!" Mama Barua aliinua mikono juu, macho yakimwaka. "Huoni uzuri wake? Hata ukikaa ya Mia, jibu halitikisiki!"

Kasuku, ambaye hakuna aliyewahi kumwona akikosa neno, alitafuta mkoba wake. Alisimama kwa kujishikiza kwenye meza.

"Kumbe," alisema polepole. "Kumbe mimi hata nikihamia mwisho wa dunia, kwa Mama hakuna kinachotikisika."

Akatoka. Kinyozi alimkimbilia ngazini, akarudi peke yake.

Mama Barua alibaki amepiga magoti sakafuni. "Lakini nimesema kweli," alisema.

"Umesema kweli," Fundi alimjibu, akiweka kikombe chini. "Ila umeisema kama unashangilia bao."

Siku zilizofuata zilikuwa ndefu. Mama Barua alipiga simu, haikupokelewa. Alikwenda mwenyewe hadi Kumi na Moja na D, akaambiwa na vijana wa karakana yake ya vibao kwamba dada amepumzika na hataki kuamshwa. Aliacha chupa ya supu mlangoni, akarudi. Furaha yote ya kuhama ilimchacha mdomoni. Dalali aliwapeleka kuona nyumba pale Tano na D, mahali penyewe pa hesabu, na Fundi alipoingia tu akasema humo ndani ni giza kama ndani ya buti. Mama Barua hakubishana. Hakuwa na moyo wa kutetea.

Kisha mchana mmoja simu ikalia, nayo haikuwa ya Mama Barua bali ya Fundi. Alisikiliza, akasimama, akaanza kumtafuta mkewe huku mkewe yuko mbele yake.

"Kasuku. Uchungu umeanza. Yuko kwenye zahanati ya pale karibu naye, na yule bwana lori yuko huko mwisho wa nchi."

"Amesema nini? Amesema niende?"

"Amesema nisikwambie."

Mama Barua alikuwa ameshavaa kiatu kimoja.

Nje magari yalikuwa yamesimama kama yamegandishwa. Watu wa mabomba walikuwa wamechimba Barabara ya Tano kutoka huku hadi kule, na kila dereva mjini alikuwa anapiga honi kumwambia aliye mbele yake jambo ambalo aliye mbele alilijua. Teksi haikuwa na maana. Mama Barua aliukaza mtandio kiunoni, akatia mguu njia.

Barabara kumi za kukata, mitaa mitatu ya kupanda. Kona kumi na tatu. Hakuna binadamu ambaye angeweza kuzipunguza, lakini hata shimo la bomba halikuweza kuziongeza, maadamu hakurudi nyuma. Alipofika kwenye taa nyekundu hakusubiri, alipanda mtaa. Alipokuta mtaa umefungwa kwa kamba, alikata barabara. Palipokuwa na lori la matofali limeziba njia alikunja kulia, na palipokuwa na umati alikunja kushoto, na kila alipokunja alijua hajapoteza hata hatua. Moyo ulikuwa ukimdunda, jasho linamtiririka, na ingawa alikuwa na hofu juu ya mwanawe, kulikuwa na kitu kingine ndani yake kinachoimba. Miguu yake ilikuwa imefanya kazi miaka yote ile kwa ajili ya barua za watu wengine. Leo ilikuwa na barua yake yenyewe.

"Mama Barua, unakimbizwa na nani?" alipiga kelele muuza matunda wa Barabara ya Saba.

"Na mjukuu!" alijibu bila kusimama.

Aliingia zahanati akihema kama kivukuto. Muuguzi, mwanawe wa pili, alikuwa ameshafika kwa baiskeli ya mwenzake wa kazini, akamshika mkono, akampitisha ndani. Kasuku alikuwa amelala ubavu, ameng'ang'ania chuma cha kitanda.

"Umekuja," alisema.

"Kona kumi na tatu."

"Si ulisema... si ulisema hata nikihamia..." Uchungu ukamkata kauli. Ulipopita, akaendelea pale pale alipoachia, maana Kasuku ni Kasuku, "...hata nikihamia Barabara ya Mia, wewe hutikisiki?"

"Jibu halitikisiki, mwanangu. Mimi nimetikisika mpaka meno. Niangalie."

Kasuku alimtazama mama yake, mtandio umelowa jasho, kiatu kimoja cha kahawia, kingine cheusi. Alianza kucheka, na kicheko kikageuka ukelele, na mkunga akasema haya, sasa, sasa ndiyo wakati. Kabla jua halijashuka juu ya mapaa, mtoto wa kike alikuwa amefika, mwekundu kwa hasira, akipiga kelele kuliko mama yake alivyopata kupiga.

"Huyu naye," alisema Muuguzi, akifuta macho kwa mkono wa sare. "Kasuku wa pili."

Tangu siku hiyo Mama Barua akawa wa Barabara ya Kumi na Moja. Asubuhi alikwenda kumwogesha mtoto, akarudi kumpikia Fundi na kufunga mizigo, na jioni akaenda tena kumpokea mtoto ili mama yake apate usingizi. Njiani alimpitia Kinyozi mara moja, akampitia Muuguzi mara moja. Baba wa mtoto alikuja na lori lake, akalia, akacheka, akabeba mtoto kama anabeba yai, kisha tajiri wake akampigia simu na barabara ikamchukua tena.

Kasuku alikaa chumba cha juu ya karakana ya vibao, chumba kilichonukia rangi na poda ya mtoto. Asubuhi moja mtoto alikuwa amelala juu ya shuka la miraba, na bibi yake anakunja nepi, Kasuku akauliza kama mtu asiyejali:

"Nyumba mmeshapata?"

"Bado. Ile ya Tano na D baba yako haitaki."

"Nionyeshe tena ile hesabu."

"Achana nayo. Ile hesabu imenitosha."

"Mama, nionyeshe. Hapa, kwenye shuka. Siku ile sikuona vizuri, nilikuwa na tumbo mbele na hasira juu yake."

Mama Barua akasita, kisha akaketi kitandani. Kibanio cha nguo kwa Kinyozi, kibanio kwa Muuguzi, kibanio kwa Kasuku, kila kimoja kwenye mraba wake. Soksi ya mtoto ikawa nyumba. Akaieleza upya, safari hii kwa sauti ya chini. Kasuku alisikiliza mpaka mwisho, na hilo peke yake lilikuwa la ajabu. Kisha akauliza:

"Kwa kaka unakwenda mara ngapi kwa siku?"

"Mara moja. Tena ananifukuza, anasema wateja hawapigi umbea wakiniona."

"Kwa dada?"

"Mara moja."

"Na kwangu?"

"Asubuhi na jioni. Mara mbili."

"Basi mbona mimi nina kibanio kimoja?"

Mama Barua alisogea karibu. Alikitazama kile kibanio. Macho yakamtoka pima.

"Miguu!" alisema. "Nimehesabu vichwa, sikuhesabu miguu! Lete kibanio kingine!"

Kasuku alichomoa kimoja kwenye kamba ya nepi, nepi ikaanguka, hakuna aliyeijali. Sasa kulikuwa na vibanio viwili kwenye mraba wa Kasuku. Waliinamia shuka, vichwa vinagusana, mtoto kando yao akipumua kama paka.

"Haya. Nyumba iko Tano na D," alisema Mama Barua. "Kwa Kinyozi tano, kwa Muuguzi mbili, kwako sita, na sita tena. Jumla?"

"Kumi na tisa."

"Sogeza nyumba. Barabara ya Sita."

Kasuku akavuta soksi mraba mmoja. "Kwa kaka sita. Kwa dada tatu. Kwangu tano, na tano." Alijumlisha kwa vidole. "Kumi na tisa."

"Umekosea."

"Sijakosea. Hesabu wewe."

Mama Barua alihesabu. Kumi na tisa. Akaisogeza soksi hadi ya Saba: saba, nne, nne, nne. Kumi na tisa! Akaisogeza hadi ya Nane, akihesabu kwa sauti inayozidi kupanda, na ya Tisa, na ya Kumi, Kasuku naye akihesabu pamoja naye, na kila mara jibu lilikuwa lile lile, mpaka soksi ikafika kwenye mlango wa Kasuku mwenyewe, kwa Kinyozi kumi na moja, kwa Muuguzi nane, kwa Kasuku sifuri.

"Kumi na tisa!" walipiga kelele wote wawili, na mtoto akaamka akapiga ya kwake.

"Bila shaka! Bila shaka!" Mama Barua alikuwa amesimama, mtoto begani, anazunguka chumba. "Nikisogea kona moja kuja kwako nawaacha wawili, lakini kwako nakuja mara mbili. Natoa mbili, narudishiwa mbili! Kasuku mwanangu, mtaa mzima! Mtaa wa D mzima, kutoka Tano mpaka Kumi na Moja, ni mali yangu! Popote nikae, miguu haijui tofauti!"

"Kwa hiyo mnaweza kuchagua nyumba kwa sababu tu mmeipenda," alisema Kasuku, naye analia na kucheka, hajui lipi litangulie.

Mama Barua alimpigia Fundi simu. "Fundi! Vaa viatu! Nyumba yoyote, Mtaa wa D, kutoka Tano mpaka Kumi na Moja!"

"Yoyote?"

"Yoyote!"

"Hata yenye jua?"

"Hata yenye majua mawili!"

Alikata simu, kisha akabaki ameishika. Furaha ilikuwa bado inamchemka, lakini alikumbuka uso wa bintiye siku ile ya vigae, na jioni ile ile, kabla ya kumwambia dalali lolote, alipita kwa Kinyozi. Alimkuta anafagia nywele.

"Mwanangu, kwa miguu yangu mtaa mzima ni sawa. Kwako si sawa. Nikienda mwisho kule, wewe ndiye utakayekuwa mbali na mimi kuliko wote. Nakuuliza kabla sijashangilia."

Kinyozi aliegemea ufagio. Hakutegemea kuulizwa. "Kasuku ana mtoto," alisema. "Lakini Mama, usivuke ya Nane. Ukivuka ya Nane nitakuwa nakusikia kwenye redio tu."

"Sitavuka."

Kesho yake waliutembea Mtaa wa D wote pamoja. Fundi alitangulia, mikono nyuma, anaangalia madirisha kama anayekagua gwaride. Mama Barua alifuata akimbeba mjukuu, Kasuku anaeleza kila kibao cha duka alichokichora yeye na kila kilichoharibiwa na wengine, na dalali nyuma yao anakimbia na funguo zake, hajapata kuona wateja wasiojali barabara ipi.

"Lakini mama, watu huwa wanataka mahali fulani," alilalamika.

"Sisi tunataka jua," alisema Fundi.

Walilipata Barabara ya Saba. Ghorofa ya kwanza, juu ya duka la kamba na ndoo, kulikuwa na vyumba vilivyokuwa studio ya mpiga picha. Pazia jeusi bado lilikuwa linaning'inia. Fundi alilivuta, na vumbi lote likashuka juu yake, na nyuma ya vumbi kukawa na dirisha moja refu kutoka ukuta hadi ukuta. Mwanga uliingia ukajaza chumba kizima kama maji yanavyojaza beseni. Fundi alisimama katikati yake, mweupe kwa vumbi, akanyoosha vidole vyake vya kushonea, akavigeuza huku na huku.

"Hapa," alisema, "ningeweza kuona uzi mweusi kwenye ngozi nyeusi."

Mama Barua alikwenda dirishani. Mtaa wote ulikuwa chini yake, upande huu hadi ule, watu wanavuka, wanakunja, wanapishana. Aliona paa la karakana ya vibao. Alifungua mlango wa chumba, akaufunga, akaufungua tena.

"Unafanya nini?" dalali aliuliza.

"Nauchagua," alisema.

Walihama kwa lori la mkwe wao, ambalo kwa mara ya kwanza lilikuja mjini likiwa tupu. Kabati lilikwama ngazini, Kinyozi chini, mkwe juu, na kila mmoja akidai mwenzake ndiye anayesukuma vibaya, mpaka Muuguzi alipotoka zamu, akatazama, akasema, "Toeni droo kwanza," na kabati likapanda kama limeitwa kwa jina.

Asubuhi ya kwanza Mama Barua aliamka mapema, akavaa viatu vilivyotiwa soli mpya na mumewe, vyote rangi moja safari hii, akashika mkoba. Alikuwa ameshapanga njia. Alipofungua mlango akamkuta Kinyozi anapanda ngazi na mkate, anasema alikuwa anapita tu. Hawajamaliza kuzungumza, Kasuku akafika na mtoto na furushi la nepi, maana nyumbani kwake kuna harufu ya rangi na huku kuna jua. Muuguzi alikuja alipotoka zamu ya usiku, akalala kwenye kochi chini ya dirisha bila kuvua viatu. Mama Barua alisimama katikati ya chumba na mkoba wake begani.

"Sasa mimi naenda wapi?" aliuliza. "Nimepiga hesabu wiki nzima ya kuja kwenu!"

"Weka chai, Mama," alisema Kasuku.

Aliweka chai. Akawapa vikombe, akamwogesha mjukuu kwenye beseni lililokuwa kwenye jua, akamsikiliza Fundi akimweleza Kinyozi ubora wa mwanga ule kana kwamba ameutengeneza yeye. Lakini miguu ilikuwa inamwasha. Walipokwisha kunywa alivaa mtandio.

"Kaeni," alisema. "Narudi."

"Unakwenda wapi, na sisi sote tuko hapa?"

"Popote," alijibu, na alikuwa ameshafika ngazini.